Kiu ya Miezi Sita

Mwaka wa kawaida, Shinyanga hupata mvua ya milimita 600 hadi 900. London, mji unaosifika kwa mawingu na manyunyu, hupata takriban milimita 600. Hakuna anayeiita London nchi kame. Kule mvua hugawanyika kidogo kidogo kwa mwaka mzima, chini ya jua dhaifu. Shinyanga hunyeshewa kuanzia Novemba hadi Aprili au mwanzoni mwa Mei, mara nyingi kwa ngurumo ya saa moja au mbili inayofurisha kila bonde na kuacha vumbi limelala kwa siku tatu. Katikati ya msimu huo, Januari au Februari, hupita wiki kadhaa za ukavu zinazotosha kuunguza mahindi yakiwa yanachanua. Kisha mbingu hufunga hadi Novemba nyingine. Jua na upepo wa nyanda hizi vina nguvu ya kukausha karibu mita mbili za kina cha maji yaliyo wazi kwa mwaka, yaani zaidi ya maradufu ya mvua yenyewe. Usukuma, nchi ya Wasukuma ambamo Shinyanga imo, basi, una tatizo la ghala kuliko la mvua: maji huja kwa fujo, na swali la kila kaya ni wapi yawekwe yasubiri Oktoba.

Ardhi hujibu swali hilo kwa namna tofauti kila baada ya kilomita chache, na Wasukuma wameipa majina kulingana na majibu hayo. Luseni ni udongo wa kichanga wa kwenye miinuko, jirani na miamba ya matale iliyochomoza. Maji yanayotiririka juu ya mwamba huzama kwenye mchanga chini yake na kukaa humo kwa miezi. Visima vingi vya zamani vilichimbwa hapo, na hata leo mzee anayetafuta pa kuchimba huanza kwa kutazama miamba. Ibambasi ni udongo mgumu unaokataa jembe na unaokataa maji. Mbuga ni udongo mweusi wa mabondeni: kiangazi hupasuka nyufa za kuingiza mguu, na mvua za kwanza zikishauvimbisha, nyufa hujifunga na maji hubaki juu yakitafuta pa kwenda. Chini ya sehemu kubwa ya udongo huo kuna mwamba wa matale wa kale mno, usiohifadhi maji ila kwenye tabaka lake la juu lililooza na kwenye mipasuko. Ndiyo maana kuchimba kisima kirefu katika mkoa huu ni kama kucheza bahati nasibu. Shimo moja hutoa maji, na jingine, hatua hamsini kutoka hapo, hutoa vumbi la mawe hadi fedha za mradi zinapokwisha.

Ghala la kwanza ni mito yenyewe, hata inapoonekana imekufa. Manonga na Tungu hutiririka msimu wa mvua, kisha hugeuka barabara pana za mchanga. Maji hayajaondoka yote. Yameshuka kati ya chembe za mchanga, ambako jua haliyafikii kwa urahisi, na mwezi Juni mtu akichimba kina cha mkono mmoja huyakuta safi kuliko ya lambo lolote. Kadiri kiangazi kinavyosonga ndivyo shimo linavyozidi kwenda chini. Ifikapo Septemba mchotaji hushuka shimoni, huchota kwa kata au kopo, husubiri maji yajikusanye tena, na kumpitishia ndoo mwenzake aliye juu. Shimo huzungushiwa miiba ili ng'ombe wasilivuruge. Usiku halina mlinzi, na anayewahi alfajiri huchota maji yaliyojikusanya usiku kucha. Foleni ya saa kumi alfajiri kwenye mchanga wa mto ina sababu hiyo. Baada ya jua kutoka, kila ndoo husubiriwa.

Ghala la pili ni lambo. Malambo mengi makubwa ya Usukuma yalitokana na Mpango wa Maendeleo ya Usukuma wa serikali ya kikoloni, uliotekelezwa kuanzia 1947 hadi 1956. Mpango huo ulichukiwa kwa amri zake za matuta ya lazima na kupunguza mifugo, ila mabwawa yake yaliendelea kutumika muda mrefu baada ya amri kusahaulika. Hesabu ya lambo ni rahisi na haina huruma. Kati ya Mei na Oktoba jua huchukua takriban mita moja ya kina, awe amekunywa mtu au hakunywa. Lambo la kina cha mita moja na nusu, hata likiwa na upana wa uwanja wa mpira, hufika Novemba likiwa na nusu mita ya tope, na hapo mifugo haijahesabiwa. Lambo jembamba lenye kina cha mita nne lingebaki na akiba ya maana. Lakini kuchimba kwenda chini ni ghali kuliko kutandaza tuta bondeni, na wafadhili wengi wamependa kuonyesha maji mapana siku ya uzinduzi. Kila mvua nayo huleta mzigo wa udongo kutoka mashambani, na lambo lisilofukuliwa hujaa lenyewe pole pole hadi linakuwa malisho.

Ng'ombe, mbuzi, wafuaji nguo, watoto wanaoogelea na wachotaji wa maji ya kunywa hukutana kwenye lambo lile lile. Konokono wanaobeba kichocho hustawi humo, na ukanda wote wa kusini mwa Ziwa Victoria unajulikana kwa ugonjwa huo. Kuhara na homa ya matumbo hufuata. Kaya husafisha maji kwa njia zilizo karibu: kuyaacha yatuame kwenye mtungi, kuyachuja kwa kanga iliyokunjwa, kukoroga kwa shabu au unga wa mbegu za mlonge ili tope lishuke. Njia hizo huyafanya maji yang'ae, na mwenye nyumba anaweza kudhani kazi imekwisha, ilhali kilichoondoka zaidi ni tope. Kuchemsha kunahitaji kuni, nazo huko ni tabu ya pili baada ya maji.

Ipo hifadhi ya tatu ambayo haihesabiwi kama ya maji kwa sababu maji yake huliwa yakiwa wali. Wakulima hupiga matuta kuzunguka vipande vya shamba kwenye udongo unaotuamisha maji, wakapata majaruba, na mvua inayotiririka kutoka mwinukoni hunaswa humo na kustawisha mpunga. Nchi inayoitwa kame hulisha miji kwa mchele kwa sababu watu wake walijua udongo upi hauruhusu maji kupita. Ni ufundi wa hali ya juu kuliko mengi yaliyoletwa kwa gari la mradi.

Paa la bati ndilo ghala linalopuuzwa zaidi. Bati la mita za mraba 30 likinyeshewa milimita 600 hupokea lita 18,000, na hata theluthi moja ikipotea kwa kumwagika na uchafu wa mvua za kwanza, hubaki lita 12,000. Familia ya watu sita inayotumia lita 120 kwa siku ingeishi siku 100 kwa maji hayo, zaidi kidogo ya nusu ya kiangazi. Kikwazo ni chombo. Simtanki la lita 1,000 hujazwa na mvua kubwa mbili, na zinazofuata humwagika uani huku mwenye nyumba akizitazama. Tangi la saruji la kuhifadhi msimu mzima ni ghali mno kwa kaya nyingi zenye bati hilo.

Maji yakishapatikana, hubebwa. Dumu la lita 20 lina uzito wa kilo 20 mbali na plastiki yake, na Sera ya Taifa ya Maji ya mwaka 2002 iliweka lengo kwamba kila mwanakijiji apate maji ndani ya mita 400, kwa muda usiozidi dakika 30 kwenda, kuchota na kurudi. Lengo la mita 400 lenyewe lina umri mkubwa kuliko sera hiyo. Mpango wa maji vijijini wa mwaka 1971 uliahidi umbali huo kwa wote ifikapo 1991. Chukua kaya ya watu sita iliyo kilomita tatu kutoka kisimani. Ili kila mmoja apate lita 20 kwa siku, madumu sita yanahitajika, na kwa kubeba kichwani dumu moja moja hiyo ni safari ya kilomita 36. Hakuna anayetembea hivyo. Kaya hupunguza maji: madumu mawili au matatu, ya kunywa na kupikia kwanza, kunawa kwa kikombe, nguo kusubiri siku ya kwenda lambo, maji ya kuoshea vyombo kupelekwa kwenye mche wa mpapai. Hatua za mwanamke na za binti yake ndizo zinazoamua lita ngapi zitatumika nyumbani. Hata hivyo, takwimu za matumizi madogo ya maji vijijini husomwa kana kwamba watu hawapendi kuoga.

Kazi hii hubadilika sura chombo kinapobadilika. Maji yakibebwa kichwani ni ya mama na watoto wa kike, na hayana bei. Yakipanda baiskeli yenye madumu manne, au mkokoteni wa punda, au siku hizi pikipiki ya magurudumu matatu, yanakuwa ya vijana wa kiume na yanauzwa. Bei hufuata kiangazi: hupanda kadiri visima vya karibu vinavyokauka, na anayenunua dumu moja moja kwa mchuuzi hulipa kwa lita mara nyingi zaidi ya mwenye bomba la mamlaka uani.

Mifugo haibebewi maji. Ng'ombe mmoja wa asili hunywa lita 25 hadi 30 kwa siku wakati wa joto. Kundi la ng'ombe 40 linahitaji lita 1,000 hadi 1,200, yaani madumu 50 hadi 60. Hivyo kundi hufuata maji. Kiangazi hunyweshwa siku moja na kuruka moja, na hutembezwa mbali hadi linapunguza njiani nyama iliyopatikana malishoni. Kwa miongo kadhaa wafugaji wa Kisukuma wamehamia kusini, Usangu, Rukwa, Katavi na Morogoro, wakiongozwa pia na hesabu hiyo. Ugomvi uliowapokea huko, kati yao na wakulima na hifadhi, ulianzia kwenye malambo yaliyokauka nyumbani.

Ukavu wa Shinyanga umeongezwa na watu, na kisha umepunguzwa na watu. Kuanzia miaka ya 1920 serikali ya kikoloni iliwahimiza na kuwalazimisha wananchi kufyeka misitu ili kuwaondoa mbung'o, na Shinyanga ikawa kituo cha utafiti wa mdudu huyo. Pamba ilifuata, ikameza miti iliyosalia. Operesheni Vijiji ya mwaka 1974 iliwahamisha watu kutoka kwenye visima na malisho waliyokuwa wakiyatunza, ikawakusanya mahali ambapo maji hayakuwa yamepangwa. Mwalimu Nyerere alipoitembelea Shinyanga mwaka 1984 alikuta nchi ambayo wengine walikuwa wameanza kuiita jangwa la Tanzania. Miaka miwili baadaye, 1986, ulianza mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, HASHI.

HASHI ilifanikiwa ilipoacha kupanda miche ya kitaalamu na kuwasikiliza wenyeji waliokuwa na ngitili. Ngitili ni eneo la malisho linalofungwa mvua zikianza, nyasi na vichaka vikaachwa vikue, kisha hufunguliwa katikati ya kiangazi kwa ng'ombe walio dhaifu, ndama na maksai wa kulimia. Mwaka 1986 ngitili zilizojulikana hazikuzidi hekta 600 hivi. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 zilifikia zaidi ya hekta 300,000, za kaya na za vijiji, zikilindwa na walinzi wa jadi wa sungusungu na kwa faini za dagashida, baraza la jadi. Mwaka 2002 mradi ulipata Tuzo ya Ikweta ya Umoja wa Mataifa. Kwa maji, faida yake ni ya moja kwa moja: mteremko wenye nyasi huichelewesha mvua, huiingiza ardhini na kuzuia udongo usijaze lambo. Tathmini ya mwaka 2005 ilionyesha kuwa kaya zilipunguza saa moja hadi mbili katika muda wa kutafuta maji. Ngitili haimwagi maji, ndiyo maana hakuna anayekata utepe kuizindua.

Bomba na pampu zilikuja kwa mawimbi. Mwaka 1974 Uholanzi ilishirikiana na Tanzania kuanzisha mradi wa visima vifupi Shinyanga, uliopima maji kwa kekee za mkono na hadi 1978 ulikuwa umejenga mamia ya visima. Pampu yake rahisi, yenye kichwa cha mbao, iliingia kwenye vitabu vya wahandisi kwa jina la pampu ya Shinyanga. Upande wa ziwa, kuanzia 1985 hadi 2002, Sweden ilifadhili mradi wa HESAWA katika mikoa ya Mwanza, Mara na Kagera, na Geita wakati huo ilikuwa wilaya ya Mwanza. Visima vingi vya mawimbi hayo vipo hadi leo kama mduara wa saruji na nguzo isiyo na mpini. Mahali pengine maji yapo na pampu inafanya kazi, ila floraidi imezidi. Kiwango cha Shirika la Afya Duniani ni miligramu 1.5 kwa lita, na sehemu za Shinyanga hupita hapo, meno ya watoto yakawa na madoa ya kahawia ambayo hayatoki kwa mswaki wowote.

Maji mengi yasiyo na floraidi ya kupindukia yalikuwa ziwani siku zote. Ziwa Victoria lina eneo la kilomita za mraba 68,800, na karibu nusu yake iko Tanzania. Lililozuia ni kilima na karatasi. Karatasi ni mkataba wa mwaka 1929, ambamo Uingereza iliiahidi Misri kwamba makoloni yake hayatajenga kitu cha kupunguza maji ya Nile bila ridhaa ya Cairo. Tanganyika huru ilitangaza mwaka 1962 kwamba haifungwi na ahadi hiyo. Ilichukua miaka 42 kabla ya msimamo huo kugeuka mtaro wa bomba: ujenzi wa mradi wa Kahama na Shinyanga ulianza 2004, kwa fedha za serikali yenyewe, huku Misri ikilalamika. Rais Jakaya Kikwete aliuzindua Mei 2009. Maji huvutwa Ihelele, wilayani Misungwi, husafishwa hapo, husukumwa hadi tangi la kilima cha Mabale, na kutoka huko hushuka kwa mtelemko kuelekea Kahama na Shinyanga. Msimamizi ni mamlaka ya KASHWASA, inayoyauza kwa jumla kwa mamlaka za miji na vijiji vilivyo njiani.

Uwezo wa awali wa mtambo wa Ihelele ulikuwa lita milioni 80 kwa siku. Ukigawanya, ni chini ya mita moja ya ujazo kwa sekunde, wakati Nile inatoka ziwani Jinja ikiwa na takriban mita za ujazo 1,000 kwa sekunde. Kelele ya Misri ilikuwa juu ya sehemu isiyofika moja kwa elfu. Januari 2021 bomba hilo hilo lilizinduliwa likiwa limefika Tabora, Nzega na Igunga. Mji wa Shinyanga, uliotegemea bwawa la Ning'hwa lililokuwa likipungua kila kiangazi, ukapata maji yasiyojali mwezi. Lakini kijiji kilicho kilomita kumi pembeni ya bomba kuu kinaweza kuona mashimo ya ukaguzi yenye mifuniko ya chuma na kuendelea kuchimba mchanga wa mto.

Geita ni habari nyingine, ingawa mara nyingi hutajwa kwa pumzi moja na Shinyanga. Mkoa huo, uliozaliwa Machi 2012, una mvua nyingi zaidi na umepakana na ziwa. Kiu yake imetokana na watu kufurika mahali ambapo maji hayakuandaliwa, na maji yaliyopo kuchafuliwa. Dhahabu ikisikika mahali, pori hugeuka mji kwa miezi michache, na mji huo unahitaji maji mara mbili: ya watu na ya mawe. Jiwe lililotoka kwenye duara, shimo la mchimbaji mdogo, husagwa kwenye karasha, unga wake huoshwa kwa maji mengi kwenye mwalo wenye gunia au zulia linalonasa chembe nzito, kisha zebaki huchanganywa ili kuikusanya dhahabu. Tope linalobaki, marudio, huuzwa kwa wenye mitambo ya sayanaidi. Kila hatua ina dimbwi lake. Rwamgasa, hapo hapo Geita, ilichaguliwa mwanzoni mwa miaka ya 2000 kuwa moja ya maeneo ya mradi wa zebaki wa Umoja wa Mataifa kwa sababu hiyo. Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka chanzo cha maji. Mwalo, kwa hulka yake, hutaka kuwa hapo hapo.

Chini ya ardhi kuna kinyume kingine. Maduara hufurika, na wachimbaji hutumia mota mchana na usiku kuyatoa maji na kuyamwaga kichakani, wakati juu yake mama ntilie ananunua dumu la kupikia. Maji ya duarani hayanyweki kwa kuaminika, ingawa wapo waliookolewa nayo. Oktoba 2015 mgodi mdogo wa Nyangarata, wilayani Kahama, uliporomoka, na wachimbaji watano walitolewa wakiwa hai baada ya siku 41, baada ya kuishi kwa mizizi, wadudu na matone yaliyopenya kwenye mwamba.

Migodi mikubwa haikusubiri bomba la serikali. Ule wa Geita, ulioanza uzalishaji mwaka 2000, na ule wa Bulyanhulu, uliofuata 2001, kila mmoja ulivuta maji yake kutoka ziwani. Vijiji vilivyoona mabomba hayo yakipita vilidai, na baadhi vilipewa magati, vituo vya kuchotea maji. Mradi wa maji wa Mhangu–Ilogi ulitokana na ushirikiano wa aina hiyo kati ya serikali na wawekezaji. Mji wa Geita umo kwenye orodha ya miji 28 iliyopangwa kujengewa mifumo ya maji kwa mkopo wa India, kwa mikataba ya mwaka 2022. Mgodi pia unaweza kuondoa maji yaliyokuwapo. Novemba 7, 2022, bwawa la tope la mgodi wa almasi wa Mwadui, Shinyanga, lilipasuka na kufunika makazi, mashamba na vyanzo vya maji chini ya tope la kijivu.

Tangu Julai 2019 maji ya vijijini yako chini ya RUWASA, Wakala wa Maji na Usafi wa Mazingira Vijijini, na kila mradi huendeshwa na chombo cha watumia maji cha jamii yenyewe. Mapato yake ni shilingi zinazolipwa kwenye gati kwa kila ndoo. Hapo ndipo mvua inaporudi kwenye hesabu kwa njia isiyotarajiwa. Novemba ikifika na malambo kujaa, watu huacha kununua na kurudi kwenye maji ya bure, hata kama ni ya tope. Gati hukaa bila foleni hadi Mei. Sanduku la chombo hubaki tupu kwa miezi sita, mlinzi na fundi hulipwa kwa mkopo, na pampu inayoharibika Julai, wakati kijiji kizima kimerudi kwenye foleni, husubiri kipuri ambacho fedha zake ndiyo kwanza zinaanza kukusanywa.